Ramani za Mwangwi

Mwaka 1837 mwanahisabati Mwingereza Charles Babbage, anayekumbukwa zaidi kwa mashine za kukokotoa zilizotangulia kompyuta, alichapisha kitabu chenye wazo la kutisha. Alidai kwamba kila neno lililowahi kutamkwa duniani bado limo hewani. Mtu akisema, hewa hutikisika. Mtikisiko huo hupita kutoka chembe hadi chembe, ukazidi kufifia, lakini kwa hesabu hauishi kabisa. Kwa hiyo, kwa maoni ya Babbage, hewa imehifadhi kila kiapo na kila ahadi iliyovunjwa, na kiumbe mwenye akili ya kutosha kufuatilia hesabu hiyo angeweza kuvisoma vyote.

Fizikia iliyokuja baadaye ilimkatalia. Nguvu ya sauti humezwa na kuta, nguo, miili ya watu na hewa yenyewe, ikageuka kuwa joto dogo lisiloweza kutenganishwa na joto jingine. Neno lililosemwa juzi halipo tena popote. Hata hivyo ndoto ya Babbage haikufa, iligeuka sura tu. Walioifuata waliacha kuitafuta sauti iliyopotea, wakageukia kitu kinachopimika: mahali hapa pakipigiwa kelele, panajibuje? Jibu hilo linaweza kuchorwa na kuandikiwa tarehe. Kutokana na swali hilo limekua somo ambalo limetawanyika mikononi mwa wahandisi wa majengo, mabaharia, wanaakiolojia na wanamuziki, kila mmoja akiliita kwa jina lake. Mimi naliona kuwa somo moja, na historia yake ni moja.

Tuanze Paris. Mchapishaji mmoja, Édouard-Léon Scott de Martinville, alisajili mwezi Machi 1857 chombo cha kuandika sauti. Kilikuwa na pembe pana ya kukusanya sauti, utando mwembamba mwishoni mwake, na unywele mgumu uliogusa karatasi iliyopakwa masizi. Mtu akiimba ndani ya pembe, utando hutetemeka na unywele huchora mstari wa mawimbi. Scott hakukusudia kabisa mstari ule usikilizwe. Alitaka usomwe kwa macho, kama hati. Tarehe 9 Aprili 1860 alichora hivyo kipande cha wimbo wa watoto wa Kifaransa, na karatasi ikahifadhiwa. Alifariki mwaka 1879, miaka miwili baada ya Edison kuunda mashine iliyoweza kurudisha sauti.

Mwaka 2008 watafiti wa Marekani waliipiga picha karatasi ile kwa usahihi mkubwa, na kompyuta ikaugeuza mstari wa masizi kuwa sauti. Dunia ikasikia wimbo mfupi, na wengi wakaamini kuwa anayeimba ni mwanamke au msichana. Mwaka uliofuata ilibainika kuwa mwendo ulikuwa mara mbili ya ule wa kweli. Scott alikuwa amechora pembeni mtetemo wa uma wa chuma wa kulinganishia sauti, ili umtunzie muda kwa sababu mkono wake haukuzungusha silinda kwa mwendo ulio sawa. Watafiti walikuwa wameusoma vibaya mtetemo wa uma ule. Waliposahihisha, msichana akatoweka, ikabaki sauti ya mwanamume anayeimba polepole, huenda ni Scott mwenyewe. Tangu mwanzo, basi, somo hili lilikuwa na sharti lake kuu: sauti isiyoambatana na kipimo cha muda ni shahidi asiyeaminika.

Aliyeweka kipimo hicho kwa mwangwi wa majengo ni kijana wa Harvard, Wallace Clement Sabine. Mwaka 1895 chuo kilikuwa kimefungua jumba la makumbusho la Fogg, lenye ukumbi wa mihadhara uliojengwa kwa fahari na usioweza kutumika. Neno alilolitamka mhadhiri liliendelea kuvuma kwa zaidi ya sekunde tano. Kabla halijatulia, mengine kumi au zaidi yalikwisha kutoka kinywani mwake, na wanafunzi wakasikia ngurumo tupu. Rais wa chuo, Charles Eliot, alimkabidhi Sabine tatizo hilo, ingawa alikuwa mwalimu mdogo wa fizikia asiye na sifa yoyote katika elimu ya sauti.

Sabine alifanya kazi usiku, baada ya magari ya barabarani kusimama na mji kulala. Alikuwa na bomba la kinanda cha kanisa lililopulizwa kwa hewa iliyobanwa, chombo cha kuandika muda, na masikio yake mwenyewe. Alilipiga bomba, akalinyamazisha ghafla, kisha akapima muda uliopita mpaka mvumo usisikike tena. Wasaidizi wake walibeba mito ya viti kutoka ukumbi wa jirani, Sanders, wakaipanga safu baada ya safu, huku yeye akipima upya kila walipoongeza. Alfajiri mito yote ilirudishwa ili viti viwe tayari kwa mihadhara ya mchana. Usiku wa pili walianza tena.

Jambo linalonivutia zaidi kwa Sabine ni ukali wake dhidi ya vipimo vyake mwenyewe. Aligundua kwamba mwili wa mtu humeza sauti, na nguo zake pia. Vazi jingine, jibu jingine. Alitupa vipimo vingi alivyovifanya akiwa na mavazi tofauti, akarudia kazi akiwa amevaa nguo zile zile usiku hadi usiku. Kipimo chake cha umezaji kilikuwa dirisha lililo wazi, maana sauti inayotoka dirishani hairudi. Kila kitu, iwe zulia, mbao, plasta au umati wa wasikilizaji, kilihesabiwa kuwa ni sawa na eneo fulani la dirisha wazi.

Mwaka 1898 hesabu ilijitokeza. Muda wa mvumo huongezeka kadiri ujazo wa ukumbi unavyokuwa mkubwa, na hupungua kadiri umezaji unavyozidi. Kwa mita na sekunde, unachukua ujazo, unaugawa kwa umezaji, unazidisha kwa 0.161. Kanuni ni fupi mno kwa miaka mitatu ya kukesha, lakini kabla yake hakuna mjenzi aliyeweza kujua ukumbi wake utasikikaje mpaka aumalize. Ukumbi wa muziki wa Boston, Symphony Hall, uliofunguliwa mwezi Oktoba 1900, ulijengwa kwa ushauri wa Sabine na kwa hesabu hiyo. Bado unahesabika kati ya kumbi bora duniani. Ule wa Fogg, ulioanzisha yote, ulibomolewa mwaka 1973, na kinachobaki cha sauti yake ni namba alizoziandika Sabine.

Miaka michache baada ya Sabine kupima sekunde za ukumbini, baharini watu walianza kujifunza kuupima mwangwi kwa ajili ya kuokoa maisha. Msingi wa kazi hiyo ulikuwa wa zamani. Mwaka 1826 Jean-Daniel Colladon na Charles Sturm walikaa usiku katika mashua mbili kwenye ziwa Geneva, zikiwa zimeachana zaidi ya kilomita kumi na tatu. Mmoja aligonga kengele iliyozamishwa majini, na wakati huo huo baruti ikawaka juu ya mashua. Mwenzake aliona mwako, kisha akasubiri mlio ufike kwenye pembe aliyoitumbukiza ziwani. Walipata mwendo wa takribani mita 1,435 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya mwendo wa sauti hewani.

Ikabaki hivyo, elimu nzuri isiyo na kazi kubwa, mpaka meli ya Titanic ilipogonga mlima wa barafu mwezi Aprili 1912. Miaka miwili baadaye, tarehe 27 Aprili 1914, Reginald Fessenden, mvumbuzi mzaliwa wa Kanada, alikuwa ndani ya meli ya serikali ya Marekani iitwayo Miami, karibu na pwani za Newfoundland. Chombo chake cha umeme kilitoa mlio mzito majini, mlio ukagonga mlima wa barafu ulioko umbali wa maili mbili hivi, ukarudi. Pamoja na mwangwi wa barafu alisikia mwangwi mwingine ambao hakuja kuutafuta: ule wa sakafu ya bahari.

Mwangwi huo wa pili ndio uliobadilisha ramani ya dunia. Kabla yake, kina cha bahari kilipimwa kwa kuteremsha kamba au waya wenye uzito. Kipimo kimoja cha kilindini kingeweza kula saa kadhaa, na meli isimame muda wote huo. Sauti hupita majini kwa karibu mita 1,500 kwa sekunde, kwa hiyo kina cha mita 4,000 hujibu baada ya sekunde tano na kidogo, meli ikiwa mwendoni. Kati ya 1925 na 1927 meli ya Kijerumani Meteor ilikata Atlantiki ya Kusini mara kwa mara, ikakusanya vipimo zaidi ya 67,000. Bahari iliyodhaniwa kuwa na sakafu tambarare ikaonekana kuwa na milima na mabonde makali.

Namba, hata zikiwa elfu sitini na saba, bado hazijawa ramani. Kuzigeuza kuwa ramani kulimngoja Marie Tharp. Alifika Chuo Kikuu cha Columbia, New York, mwaka 1948, akiwa na shahada za jiolojia na hisabati, akapewa kazi ya kuchora. Wanawake hawakuruhusiwa kupanda meli za utafiti. Mwenzake Bruce Heezen alisafiri na kuleta mikunjo ya karatasi yenye mistari ya mwangwi, na Tharp akakaa mezani akiisoma sentimita baada ya sentimita. Alipopanga pamoja safari sita zilizokata Atlantiki ya Kaskazini, aliona kwamba safu ya milima iliyo katikati ya bahari ina mpasuko kileleni, wenye umbo la herufi V, na kwamba mpasuko huo hujitokeza katika safari moja baada ya nyingine mahali panapolingana.

Heezen alikataa. Mpasuko kama huo ungemaanisha kwamba ukoko wa dunia unaachana pale, na wakati ule mwanajiolojia wa Marekani aliyesema mabara yanasogea alijiweka pabaya. Akayaita maneno ya Tharp kuwa porojo za wasichana. Ilichukua karibu mwaka mzima kumgeuza, na ushahidi uliomgeuza ulitoka meza ya jirani. Mchoraji kijana, Howard Foster, alikuwa akiweka kwenye ramani vitovu vya maelfu ya matetemeko ya ardhi. Foster alikuwa kiziwi. Karatasi yake ilipowekwa juu ya ile ya Tharp, matetemeko ya katikati ya Atlantiki yaliangukia ndani ya mpasuko ule ule.

Hapo ndipo Afrika Mashariki ilipoingia katika hoja. Mstari wa matetemeko haukuishia baharini: ulifuatana na mingine, na mmoja ulipanda nchi kavu ukapita katika Bonde la Ufa. Tharp na Heezen walilinganisha umbo la mpasuko wa chini ya bahari na umbo la bonde hili, linalojulikana kwa kila mtu aliyesimama ukingoni akatazama Naivasha au akateremka kuelekea Manyara, wakaona kwamba ni vitu vya jamii moja. Bonde lililo wazi kwa macho likawa ushahidi wa bonde ambalo hakuna aliyekuwa ameliona, lililojulikana kwa mwangwi peke yake. Mwaka 1959 Jacques Cousteau alivuta kamera nyuma ya meli yake juu ya mpasuko huo, akaonyesha filamu yake New York mbele ya mkutano wa wanabahari. Mpasuko ulikuwepo. Ramani kamili ya sakafu za bahari zote, iliyochorwa na Mwaustria Heinrich Berann kutokana na kazi ya Tharp na Heezen, ilitoka mwaka 1977. Jina la Tharp lilichelewa sana kupewa heshima yake, na nadhani bado halijafika lilipostahili.

Nimekaa sana baharini kwa sababu pale somo lilikomaa upande wa mahali. Upande wa wakati ulikomaa baadaye, kwenye majengo ya ibada.

Hagia Sophia ya Istanbul ilijengwa kati ya mwaka 532 na 537, wakati wa mfalme Justiniani, na kuba lake linafika urefu wa mita 55 na zaidi kutoka sakafuni. Ilikuwa kanisa kwa zaidi ya miaka 900, ikawa msikiti mwaka 1453, makumbusho katika miaka ya 1930, na msikiti tena mwaka 2020. Ilipokuwa makumbusho, kuimba humo hakukuruhusiwa. Mwaka 2010 Bissera Pentcheva, mwanahistoria wa sanaa wa Chuo Kikuu cha Stanford, akishirikiana na mtaalamu wa sauti Jonathan Abel, alipata kibali cha kupasua maputo. Pasuko la puto ni mlio mfupi wenye masafa mengi kwa pamoja. Ukilirekodi pamoja na kinachofuata, umepata jibu zima la jengo. Jibu la Hagia Sophia lilidumu zaidi ya sekunde kumi.

Kompyuta inaweza kuichukua sauti kavu, iliyoimbwa mahali pasipo mvumo, ikaipitisha katika jibu la jengo, na msikilizaji akaisikia kama iliyoimbwa chini ya kuba. Kwaya ya Cappella Romana, inayoimba nyimbo za Bizanti, ilifanya hivyo katika ukumbi wa Stanford, ikatoa albamu mwaka 2019. Waimbaji hao walikuwa wakizijua nyimbo kutoka vitabuni kwa miaka. Walipoanza kujibiwa na Hagia Sophia, ilibidi wapunguze mwendo, maana kila noti iliikuta ile ya kabla yake bado ingali hewani. Nyimbo zile zilitungwa na watu waliokuwa wakiyasikia majibu hayo kila siku, na jengo lilikuwa mmoja wa waimbaji.

Tangu iliporudi kuwa msikiti, sakafu ya marumaru imetandikwa mazulia. Kila aliyeisoma kanuni ya Sabine anajua maana yake: umezaji umeongezeka, mvumo umepungua. Vipimo vya 2010 ni vya sakafu tupu. Msikiti wa karne ya 16 wenye mazulia na safu za wanaoswali ulikuwa na sauti yake, kanisa la karne ya 6 lenye umati uliosimama lilikuwa na yake, na kila moja inadai ramani yake na tarehe yake. Waliofikiri kwamba jengo la kale lina sauti moja ya kale inayongoja kufufuliwa wamerahisisha mno.

Huko Peru, wanaakiolojia waliochimba hekalu la Chavín de Huántar, lililostawi kati ya karne 32 na 25 zilizopita, walikuta mwaka 2001 baragumu 20 za makombe ya bahari zikiwa pamoja katika ujia mmoja wa chini ya ardhi. Zimechakaa kwa kushikwa, na bado zinalia. Miriam Kolar na wenzake walipima jinsi njia zile nyembamba za mawe zinavyopokea milio hiyo, hivyo ala na chumba chake vikapimwa pamoja, jambo ambalo ni nadra sana kwa mabaki ya umri huo.

Lakini mfano mkubwa kuliko yote umetokea mbele ya macho yetu. Mwezi Aprili 2013, kanisa kuu la Notre-Dame la Paris likiadhimisha miaka 850, lilifanyika tamasha ambalo kila kundi la wanamuziki lilirekodiwa kwa maikrofoni yake ya karibu. Brian Katz na wenzake walipima mvumo wa kanisa mwaka 2015, wakaunda kanisa la sauti ndani ya kompyuta, ambamo msikilizaji angeweza kulisikia tamasha lile kutoka pembe yoyote. Ilikuwa kazi ya utafiti na burudani. Jioni ya tarehe 15 Aprili 2019 paa liliwaka moto, mnara ukaanguka na kutoboa dari la mawe. Kesho yake, vipimo vile vilikuwa vimegeuka kuwa hati ya urithi.

Katz alitafuta zaidi, na katika kumbukumbu zikapatikana rekodi za vipimo vya mwaka 1987, zenye milipuko ya maputo. Alipozilinganisha na za 2015 aliona kwamba muda wa mvumo ulikuwa umepungua kwa asilimia 8, katika jengo ambalo kwa macho ya kawaida halikubadilika. Mwaka mmoja baada ya moto timu ilirudi kwenye uwanja wa ujenzi na kupima tena: ulikuwa umepungua kwa asilimia 20 kulinganisha na 2015, maana dari la mawe lilikuwa na matundu yaliyofanya kazi ya dirisha wazi la Sabine. Hivyo kanisa hili lina vituo vitatu vya tarehe kwenye ramani yake, na mafundi waliolirudisha mpaka likafunguliwa Desemba 2024 walikuwa na kitu ambacho waliojenga upya majengo mengi yaliyoungua kabla yake hawakuwa nacho, yaani sauti ya kulinganishia.

Pwani yetu ina majengo yanayostahili kazi hii. Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani, ambako Ibn Battuta alifika mwaka 1331, una sehemu yenye makuba yaliyosalia na sehemu nyingine iliyobaki nguzo na kuta. Mahali penye paa panaweza kupimwa leo. Pasipo na paa panaweza kujengwa upya ndani ya kompyuta, kwa sababu vipimo vya nguzo vinajulikana, na matumbawe na chokaa vipo vya kupimiwa umezaji wao. Ningependa kujua sauti ya imamu aliyeelekea kibla ilimfikiaje aliyeswali safu ya nyuma kabisa.

Na ndani ya Serengeti, kwenye vilima vya mawe vya Moru, kuna mwamba mkubwa wenye vishimo vilivyochongwa na watu kwa kuugonga. Ukigongwa hulia kama chuma, na kila kishimo kina mlio wake. Miamba ya namna hiyo ipo pia katika kisiwa cha Lolui, upande wa Uganda wa ziwa Victoria. Hapa mambo ni tofauti na makanisa na misikiti: hakuna paa la kuungua wala zulia la kutandikwa, ala ni jiwe, na vishimo vyenyewe ni kumbukumbu ya mapigo, virefu zaidi palipogongwa zaidi. Kuupima mwamba wa Moru hakuhitaji zaidi ya nyundo ndogo ya mpira, maikrofoni, daftari na kibali cha hifadhi. Wageni wanaopelekwa pale huokota jiwe na kuugonga ili wausikie, mwaka hadi mwaka, na kila pigo linaongeza alama juu ya alama za zamani. Ingefaa vipimo vifanywe wakati alama hizo bado zinaweza kutofautishwa.